Kwa nini Budokai Tenkaichi 3 haichuji, na kwa nini kwenye flati inakataa?

Kibanda_Sinza: Wakuu, heshima kwenu. Dragon Ball Z: Budokai Tenkaichi 3, gemu la kupigana la PS2, ilitoka 2007, lakini vijana hapa kibandani bado wanaigombania, PS4 ikiwa wazi pembeni. Nimetoa TV ya chogo nikaweka flati ya inchi 32, sasa wanalalamika kukwepa hakuwezekani: wanabonyeza kitufe cha duara, konde linaingia. Halafu kitufe cha L2 cha pedi moja hakijazi ki (nguvu za mpiganaji) sawasawa. Nianzie wapi? Na gemu hili lina nini hasa?

FundiPedi_Kkoo: Mkuu, tatizo ni flati. PS2 kwa waya wa njano inatoa picha ya 480i, yaani mistari inakuja nusu nusu kwa zamu. Flati inaunganisha mistari, inaikuza picha, ndipo inaionyesha. Kwa 60 Hz picha moja ni milisekunde 16.7, kwa hiyo TV ikichelewa milisekunde 50 umeshapitwa na picha 3. Duara linatakiwa konde likiwa linafika. Ukilishikilia mapema unapata kinga tu, hukwepi. Washa Game Mode (mpangilio wa TV unaopunguza kuchelewa), zima vichujio vyote vya picha. Vile viadapta vya HDMI vya bei rahisi visikudanganye, picha inaingia ikiwa 480i ileile.

Pedi ya DualShock 2 ina skrubu 7 nyuma. Fungua taratibu, ule utepe wa karatasi ya plastiki unachanika upesi. Chini ya L2 safisha uchafu juu ya kidoti cheusi cha kaboni kwa pamba yenye spiriti kidogo, acha ikauke. Usisugue kwa msasa, kaboni ikitoka ndiyo basi. Raba ikiwa imelegea, badilisha raba.

Mzee_wa_Ki: Kuhusu kutochuja: watu husifia zile sura 161 za wapiganaji, mimi naona utamu uko kwenye matumizi. Kubadilika umbo kwa R3 (kubonyeza kijiti cha kulia) kunakula akiba ya Blast, ambayo ni tofauti na ki, na akiba hiyohiyo ndiyo inayolipia mbinu za Blast 1 (mbinu ndogo za kusaidia). Uwe Super Saiyan (umbo lenye nguvu zaidi) sasa, au ubakize ya kujiokoa? Ki nayo unaijaza kwa L2 ukiwa umesimama wazi, mwenzio anakuja. Ukiendelea kushikilia hadi Max Power (ki ikipita kiwango cha kawaida) ndipo unapata pigo kuu, na mpinzani anajua unachokitafuta. Ndiyo maana mechi haijirudii. Kibandani weka DP Battle, mtindo wa timu zenye kikomo cha pointi: wababe wana gharama kubwa ya pointi, hivyo timu nzima haiwezi kuwa Gogeta watupu.

Sparking! Zero ya 2024, mwendelezo wa gemu hili, ni nzuri mno, ila ilipotoka, wawili kwenye mashine moja walifungiwa uwanja mmoja tu. Hii ya zamani inataka pedi mbili na TV, basi.

Kibanda_Sinza: Shukrani wakuu. Game Mode naiona kwenye menyu, ila imefifia, haibonyezeki.

FundiPedi_Kkoo: Hamia kwanza kwenye ingizo la AV (la waya wa njano), ndipo ufungue menyu, TV nyingi zinahifadhi mpangilio kwa kila ingizo. Ikibaki imefifia, flati ipe PS4, chogo lirudi kwa PS2.