Natoka kwenye mieleka, naitwa nikapigane MMA, kitu gani kinatuponza watu wa mieleka?

BintiSahare
Habarini wakubwa kwa wadogo. Mie binti wa hapa hapa Tanga, Sahare. Mieleka nimejifunzia Mombasa nilipokuwa kwa shangazi, ile ya kwenye mkeka, sio ile ya kwenye luninga ya kupigana viti. Nimerudi nyumbani, wa kucheza naye sina, basi jioni naenda jimu moja ya ngumi Ngamiani. Mwanamke peke yangu. Mwalimu ananivumilia nadhani kwa sababu nafagia ulingo bila kuambiwa.

Sasa promota mmoja wa Dar kaona video yangu nikimbwaga kaka wa kilo sabini na ushee, kanipigia. Anataka nipigane MMA, ule mchezo wa kuchanganya ngumi, mateke, kubwaga na kukaba, raundi tatu za dakika tano, uzito kilo 57. Mie nina 62. Mama kasikia habari ya kufungiwa ndani ya wavu, kanuna, chai kanipa bila kunitazama. Ila swali langu si la mama, huyo nitamalizana naye mwenyewe.

Nauliza wanaoujua mchezo: mtu wa mieleka akiingia kule, anaponzwa na nini? Maana naona wenzangu wamefika. Ritu Phogat wa India katoka kwenye mieleka kaingia ONE, kampuni ya mapambano ya MMA ya Asia, mwaka 2019. Carla Esparza naye ni wa mieleka, akawa bingwa wa kwanza wa UFC, kampuni ya MMA ya Marekani, kwa wanawake wa kilo 52, Desemba 2014. Kubwaga najua. Ngumi ndio najikokota.

Msumbwi wa Makorora
Dada, Tanga ni mji wa masumbwi. Mwakinyo kawafuata Waingereza kwao Birmingham 2018, kamaliza kazi raundi ya pili, wala hakumbwaga mtu. Baki kwenye ngumi, hayo ya kukumbatiana chini achana nayo.

Fundi Kabali
Msumbwi, mtu kauliza njia ya Pongwe wewe unamwelekeza Raskazone.

Mdogo wangu, mie nafundisha judo, na vijana wa mieleka wamepita mikononi mwangu. Kinachowaponza kwanza si ngumi, ni kulala kifudifudi. Kwenye mieleka mabega mawili yakigusa mkeka umekwisha, kwa hiyo mwili umeshakariri: ukianguka tu unageukia tumbo, unajikunyata, unamsubiri refa awasimamishe. Jambo hilo unalifanya hata kabla hujafikiri, na MMA ndilo litakalokuzika. Mwenzio anakupanda mgongoni, anapachika visigino ndani ya mapaja yako, anakunyoosha, mkono unapita chini ya kidevu. Roba. Ile ile ya vibaka, tofauti hapa unaruhusiwa kugonga mkeka akakuachia. Usidhani ni ya wanagenzi tu. Sara McMann ana medali ya fedha ya Olimpiki ya Athens 2004, mwaka ambao mieleka ya wanawake iliingia Olimpiki kwa mara ya kwanza. Januari 2021 Julianna Peña alimkaba kwa nyuma raundi ya tatu, akagonga.

Halafu kichwa. Unapozamia miguu ya mwenzio umbwage, ukikiacha kichwa nje ubavuni mwa mtu, shingo inanaswa kwapani, unakabwa wakati wewe ndiye uliyebwaga! Kiingize kifuani kwake.

Dawa ya kwanza ni hii. Lala chali, mtu akulalie juu. Piga daraja, yaani nyanyua kiuno juu, chomeka goti katikati, rudisha miguu yako kiunoni kwake. Mwili wote utataka kugeuka. Usigeuke.

Msumbwi wa Makorora
Haya, nimeelewa. Ila huyo Esparza, Machi 2015 alipotetea mkanda kwa Joanna Jędrzejczyk, si alizamia miguu, akazamia tena, anasukumwa tu, mpaka pambano likasimamishwa raundi ya pili kwa ngumi? Asipokuwa na moja-mbili ya ngumi ya kumshughulisha mtu, kila mmoja anajua anakuja miguuni.

Fundi Kabali
Hapo umenena. Na mkao wa mieleka, umeinama mguu mmoja mbele, unaita teke la shavu la mguu na goti la mwili. McMann huyo huyo, Februari 2014, Ronda Rousey alimtia goti la ini, sekunde 66 kwisha.

Nesi wa Chumbageni
Wote mnaongea kubwaga, hakuna aliyeuliza kilo. Mwanangu, 62 kwenda 57, kakupa muda gani? Kayla Harrison alikuwa judo kilo 78, akaja kupigana UFC kwa 61, lakini kati ya dhahabu yake ya Rio 2016 na UFC 2024 ni miaka minane. Wewe usijifungie chumbani na koti la mvua kwa joto hili la Tanga. Ngumi ya kichwa ikikukuta mwili umekauka maji, hatari inaongezeka. Mwambie 61. Halafu muulize daktari atakaa pembeni? Vipimo vya damu nani analipa? Mkataba uko wapi? Mpinzani kapigana mara ngapi? Akianza kujiumauma, muage.

BintiSahare
Ahsanteni sana. Mama Nesi, kaniambia mpinzani "naye mtoto tu, anaanza". Nimemtafuta mtandaoni, kashinda mapambano matano, manne kwa kukaba shingo. Nimemwandikia promota habari ya 61, daktari na mkataba. Kasoma, kimya.

Mwalimu Kabali, ile ya kulala chali nimejaribu na kijana mmoja pale jimu. Nimegeuka. Tumerudia, nimegeuka. Magodoro yako yako wapi?

Fundi Kabali
Njoo Jumamosi baada ya alasiri, nakutumia mahali kwa ujumbe. Kucha zikatwe, hereni ziache nyumbani. Vaa suruali isiyo na zipu wala mifuko, watu wanavunjia vidole humo.