Kodi inafutwa kila nikizalisha upya: faili zangu niziweke folda gani?

fundi_simtangi
Wakuu, habari za jioni. Nisaidieni kabla sijaitupa hii bodi dirishani.

Natengeneza kidude cha kuangalia maji kwenye simtangi la mama mkwe, lita 2,000. Bodi ni Blue Pill, ile yenye chipu ya STM32F103C8. Kihisi ni JSN-SR04T, cha kupima umbali kwa mwangwi wa sauti, nimekifunga kwenye mfuniko kinatazama chini. SIM800L, moduli ya simu, inamtumia mama SMS maji yakifika robo, na rilei inawasha pampu. Kazi yenyewe inakwenda. SMS ya kwanza ilimfikia, akanipigia kuniuliza ni nani huyo anayemwandikia habari za maji.

Shida ni mpangilio. Kila kitu nimekirundika ndani ya main.c, imefika mistari 1,400. Juzi nikafungua CubeMX (programu ya kupanga chipu na kuizalishia kodi) niongeze USART2, mlango wa mawasiliano, wa kuchungulia makosa, nikabonyeza kuzalisha kodi (hii ya kompyuta, si ile ya TRA). Kurudi kwenye main.c, funksheni tatu hazipo: ya kupima kina, ya kutuma SMS, na ya kuzuia pampu isiwake na kuzima kila dakika. Nilikuwa nimeziandika chini kabisa, nje ya zile alama za USER CODE BEGIN na USER CODE END zinazolinda kodi yako isifutwe. Najua, najua, msinipige. Nakala sikuwa nayo. Nimeziandika upya mpaka saa tisa usiku.

Sasa nimetengeneza folda Tangi pembeni ya Core na Drivers, nikaweka kina.c, simu.c, pampu.c na .h zake. Kukompaili nikapata `kina.h: No such file or directory`. Nikaandika `#include "../../Tangi/kina.h"`, ikapita, likaja jingine: ``undefined reference to `kina_pima'``. Faili lipo, naliona kwa macho yangu!

Nizirudishe zote Core/Src? Na nikizalisha tena, zitapona?

mama_saketi
Pole kaka. Hapo una matatizo mawili yamepandana.

La kwanza ni njia ya .h, hilo umelizunguka kwa nukta nukta zako. La pili ni kwamba kina.c haijakompailiwa kabisa. Tazama Console wakati wa kujenga: utaona main.c na stm32f1xx_it.c zinapita, kina.c haitajwi popote. Folda umeitengeneza, lakini IDE (programu unayoandikia na kujengea kodi) haijaambiwa kwamba mle ndani mna kazi yake.

Bonyeza kulia jina la mradi, Properties, C/C++ General, Paths and Symbols. Kwenye kichupo cha Includes ongeza Tangi. Kisha nenda Source Location, Add Folder, chagua Tangi. Kabla hujatoka, tazama pale juu palipoandikwa Configuration, uhakikishe umegusa zote, Debug (ya majaribio) na Release (ya mwisho), si Debug peke yake. Halafu ondoa hizo `../../`.

Kuhusu kufutwa: CubeMX haigusi faili ambalo haikulizaa. Hata Core/Src zingepona. Ninachokataa ni mchanganyiko. Baada ya miezi sita utafungua Core/Src ukute stm32f1xx_hal_msp.c, system_stm32f1xx.c na pampu.c zimelala kitanda kimoja, na wewe umesahau ipi ya nani. Mimi kwenye main.c naacha mistari mitatu tu: include moja kwenye USER CODE BEGIN Includes, `tangi_anza();` kwenye USER CODE BEGIN 2, na `tangi_zungusha();` kwenye USER CODE BEGIN 3, ndani ya ile while.

jongoo_na_mtiwake
Dada unamtwisha mzigo. Faili tatu, folda ya nini? Mimi zangu zinakaa Core/Src mwaka wa pili huu na sijawahi kupotea. Kilichomponza jamaa ni kukosa git, ile inayotunza historia ya faili. `git commit` kabla ya kuzalisha, `git diff` baada ya kuzalisha, unaona papo hapo kilichoondoka. Folda ya Debug iweke kwenye .gitignore (orodha ya visivyotunzwa), ila .ioc (mipangilio ya CubeMX) na .cproject (mipangilio ya IDE) ziingie. Hizo njia alizokuelekeza dada zinakaa ndani ya .cproject, ukiiacha, kwenye kompyuta nyingine utaanza upya.

Na usije ukabadili main.c kuwa main.cpp. Mimi nilijaribu. Nilipozalisha tena, CubeMX ikaniletea main.c nyingine mpya, nikawa na main mbili.

fundi_simtangi
Git naianza leo, naapa. Dada, hayo mawili yameisha. Sasa simu.c inalalamika `'huart1' undeclared`. Kwenye main.c ilikuwa inaiona bila shida.

mama_saketi
Kwa sababu huart1, kishikio cha USART1, imetangazwa mle mle main.c. Unaweza kuandika `extern UART_HandleTypeDef huart1;` ndani ya simu.c na mambo yakaisha. Ila rudi CubeMX, Project Manager, Code Generator, weka tiki pale pa kuzalisha jozi ya .c na .h kwa kila kifaa. Utapata usart.c, tim.c na gpio.c, na wewe una-include usart.h tu. Faili zako usizipe majina hayo. Ukiwa na gpio.h mbili, itakayosomwa si lazima iwe ile uliyoikusudia.

HAL_UART_RxCpltCallback, ile inayoitwa data ikishapokelewa, nayo ihamishie simu.c. Kwenye HAL, maktaba ya watengenezaji wa chipu, imewekwa kama `__weak`, yaani inayokubali kubadilishwa, kwa hiyo yako itashika popote ilipo, mradi iwe moja tu.

fundi_simtangi
Imekubali! Nimezalisha mara tatu makusudi, `git diff` inaonyesha faili za CubeMX tu. main.c imebaki mistari mia mbili na kidogo. Release ilinigomea, kumbe pale pa Configuration niliparuka ingawa niliambiwa.

jongoo_na_mtiwake
Safi. Swali nje ya mada: hicho kihisi umekipa nafasi kiasi gani juu ya maji? Hiyo JSN chini ya sentimita 20 hivi haisomi vizuri.

fundi_simtangi
...sentimita 10. Ndiyo maana pampu jana haikuzima. Ngoja nipande juu ya tangi kabla mama hajaamka.