Kesi ya mpaka wa lupango (kiwanja): jeometa (mpima ardhi) kwanza au jaji kwanza?

Wa Katuba
Wana Lubumbashi, hodi. Kwenye avenyu yetu malupango mawili yanagombea kaukanda kasikotosha hata kulaza baiskeli. Mmoja kaanza kupandisha ukuta wa matofali, mwingine kasema umeingia kwangu, na sasa kila mtu ana avoka (wakili) wake. Rai yangu: tribinali (mahakama) isisikilize kesi ya mpaka kabla jeometa wa kadasta (ofisi ya vipimo na ramani za ardhi) hajapima, wenyeji wote wawili wakiwepo na shefu wa avenyu akiwa shahidi.

Kwa nini? Kesi hizi zinaletwa kama kesi za umiliki. Kila mtu anatoa setifika (hati) yake ya konservateri (msajili wa ardhi). Sheria ya ardhi ya Kongo ya tarehe 20 Julai 1973 imeweka wazi kwamba ardhi ni ya Serikali, sisi tunapewa haki ya kuitumia, na setifika ndiyo inayoithibitisha. Ikipita miaka 2 haing'oki kirahisi. Vizuri. Lakini hapa setifika zote mbili ni halali! Hakuna anayesema jirani hana lupango. Kinachotafutwa ni jiwe la mpaka liko wapi, na hilo avoka hawezi kulijibu hata akisema Kifaransa cha namna gani. Avoka wanabadilishana maandishi, kesi inaahirishwa, inaahirishwa tena, halafu mwishoni jaji anaagiza jeometa. Si angeanzia hapo? Na ukuta wakati huo unapanda tu.

Wa Ruashi
Yaya (mkubwa wangu), unamsema jeometa kama malaika. Usafiri wake analipa nani? Aliyemwita. Na kama kosa lilifanyika ndani ya kadasta yenyewe siku ya kupima mara ya kwanza, unamtuma mtu akaikosoe ofisi yake? Mimi nataka jaji amteue mwenyewe, tena kwa maandishi, ili mwenye sababu ya kumpinga ampinge mbele ya jaji. Kanuni za kesi za madai za 1960 zinamruhusu kuagiza mtaalamu, zinamruhusu pia kushuka mwenyewe kuona mahali. Sheria ipo. Majaji ndio hawashuki.

Wa Annexe
Ninyi wa katikati mna namba za kadasta, ndiyo maana mnaongea hivyo. Huku wengi tulinunua kwa shefu wa kimila: karatasi moja, muhuri, mashahidi wawili, na mpaka "toka kwenye mwembe mpaka kwenye kichuguu". Vichuguu vya huku mnavijua, vingine vinapita paa la nyumba. Sasa mtu anakuja anachimba udongo wake afyatue matofali, misimu miwili mitatu kichuguu hakipo, mpaka umeingia kwenye tanuri. Jeometa wenu atalinganisha mita yake na ramani gani? Ugomvi wa ardhi ya mila unasikilizwa na tribinali ya amani, na pale mzee aliyekuwepo siku ya kuuziana ana uzito kuliko chombo chochote. Mkileta sharti la jeometa kwanza, mtakuwa mmetufungia mlango.

Wa Kampemba
Neno moja tu: kung'oa au kusogeza jiwe la mpaka ni kosa la jinai. Wako wanaolisogeza usiku huku kesi inaendelea, wakidhani ni ujanja.

Wa Katuba
Wa Annexe, nimekusikia. Kwenu sharti hilo lisiwepo, mzee asikilizwe kwanza akiwa bado hai, na asikilizwe palepale kwenye mwembe, si kwenye benchi la tribinali. Kwa malupango yenye namba siondoki nilipo. Yaya wa Ruashi, jaji amteue jeometa, sawa, ila amteue siku ya kwanza kesi inapotajwa. Gharama igawanywe nusu kwa nusu, iwekwe kwa karani wa tribinali na risiti itolewe, asipewe jeometa mkononi. Asiyetaka kulipa nusu yake aseme mbele ya jaji anaogopa nini. Na ujenzi usimame mpaka ripoti ije. Hilo la ujenzi ndilo sijasikia mtu akiligusa: nani atamwambia fundi ateremke?