Kanzu ya Babu na neno «dope»

Shangazi Mwanaisha: Assalamu alaikum, jamaa. Jana niliweka humu picha ya Baba akiwa na kanzu yake mpya, na Salim wa Minneapolis ameandika chini yake neno moja tu, «dope». Salim mwanangu, hilo si jina la bangi na unga? Unalibandika vipi kwenye picha ya babu yako?

Salim: Waalaikum salaam. Shikamoo Shangazi, shikamoo Babu. Naomba radhi, sikukusudia kumvunjia mtu heshima. Huku vijana wakisema kitu ni «dope» wanamaanisha kimefana kupita kiasi. Matumizi hayo yalienezwa na vijana Weusi wa Marekani kupitia muziki wa hip-hop katika miaka ya 1980, na leo hata watu wazima wanayatumia.

Ami Hamisi: Mimi niliposoma nilidhani Babu amepimwa mkojo! Kwetu makocha wa riadha neno hilo ni dawa za kuongeza nguvu, halina utani. Mwaka 1988, kwenye Olimpiki ya Seoul, mkimbiaji Ben Johnson wa Kanada alivuliwa dhahabu ya mita 100 aliyoipata kwa sekunde 9.79, na hapa Kenya sheria ya kupambana na dawa hizo ilitungwa mwaka 2016, baada ya wanariadha wetu kadhaa kufungiwa. Na kabla ya wanariadha walikuwapo farasi, waliokuwa wakilishwa dawa ili wapunguze mbio au waziongeze. Aliyeijua siri hiyo mapema ndiye aliyejua pa kuweka pesa zake, na kwa njia hiyo neno likabeba pia maana ya habari za ndani.

Babu Kombo: Marahaba, Salim. Sikukasirika hata kidogo, maana kwangu neno hilo ni harufu. Nilipokuwa fundi wa ndege pale Wilson, Nairobi, tulikuwa na ndege ndogo ambazo mabawa yake ni kitambaa kilichovishwa juu ya mbavu. Kitambaa hicho kinapovishwa huwa kimelegea, kwa hiyo unakipaka kwa brashi, tabaka juu ya tabaka, na kila tabaka likikauka linakivuta na kukikaza, hata mwisho ukikigonga kwa kidole kinalia kama ngoma iliyowambwa vizuri. Kwenye mkebe paliandikwa «dope», nasi mafundi tukaiita dawa ya mabawa. Ukifunga mlango wakati wa kupaka, kichwa kinazunguka. Uingereza, wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, baadhi ya wafanyakazi wa viwanda vya ndege walikufa kwa sababu ya kemikali iliyotumika kuyeyushia rangi hiyo, ambayo iliharibu maini yao.

Rehema: Shikamooni nyote. Babu ameukaribia mzizi kuliko sisi sote. Asili ya neno ni Kiholanzi, «doop», yaani mchuzi mzito wa kuchovya, na Wamarekani walilichukua mwanzoni mwa karne ya 19. Kisha kila kitu kizito cha kupaka kikaitwa hivyo, pamoja na grisi. Kasumba nayo, yaani afyuni, ikitayarishwa kwa ajili ya kiko, huwa uji mzito mweusi, ikapewa jina hilohilo, na kutoka hapo jina likaenea kwa dawa za kulevya kwa jumla. Kusini mwa Marekani hata Coca-Cola iliwahi kuitwa «dope». Mtu mpumbavu pia huitwa hivyo. Kwa Waholanzi wenyewe siku hizi «doop» ni ubatizo, kwa kuwa anayebatizwa naye huchovywa majini.

Shangazi Mwanaisha: Mchuzi nimeuelewa, na ubatizo nimeuelewa. Lakini sumu inageukaje kuwa sifa?

Salim: Shangazi, Ijumaa uliandika humu humu kwamba pilau la mama yake Rehema lilikuwa balaa, na hakuna aliyekimbia.

Rehema: Bali sufuria lilikwisha! Nairobi wangesema ni noma, na Dar es Salaam wangesema ni hatari.

Ami Hamisi: Na lile jina la mafundi wa Babu lilikaa mahali pake hasa, maana «dawa» yetu nayo ina mambo. Kuna ya meno, ya viatu, ya mbu na ya mganga, na ile ya tangawizi, ndimu na asali wanayouziwa watalii kwa bei ya mlo mzima. Mholanzi alianzia kwenye bakuli, sisi tukaanzia kwa mgonjwa, lakini tumekutana njiani.

Babu Kombo: Basi Salim hakukosea. Ikuzeni ile picha, mtazame chini kidogo ya tarbushi, kwenye ukosi wa kulia. Hilo ni doa la mchuzi wa papa wa juzi.

Shangazi Mwanaisha: Ya Rabi! Kanzu haijamaliza wiki! Baba, usiifue kwa maji ya moto, nakuja na dawa yake.