Leseni wametoa wao, mtaro wamechimba wao, na kuwashtaki ni mpaka siku 90 ziishe!

Wanajamvi, salaam.

Nina duka la vifaa vya ujenzi lenye leseni hai ya biashara, iliyotolewa na halmashauri ileile ambayo leo imenizibia njia. Ada ya leseni nimelipa, ushuru wa huduma nimelipa, kodi ya mapato sidaiwi, na cheti cha zimamoto kimetundikwa ukutani ambapo kila mkaguzi anakiona. Pamoja na hayo yote, mtendaji wa kata alikuja na mgambo pamoja na kijiko, wakachimba mtaro mbele ya geti la yadi, na tangu siku hiyo lori haliingii wala halitoki. Nilipodai barua niliambiwa kwamba ni maelekezo kutoka juu. Maelekezo ya nani, kwa sheria ipi, kwa kosa gani? Kama nimevamia hifadhi ya barabara, waniandikie hivyo, kwa sababu Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inampa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu pale haki na wajibu wake vinapoamuliwa, na mimi sijaitwa popote kusikilizwa.

Linaloniumiza zaidi ni mlango wa mahakama wenyewe. Zamani halmashauri ilishtakiwa baada ya notisi ya mwezi mmoja. Sheria Na. 1 ya mwaka 2020 ikabadilisha utaratibu: sasa ni notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe, na shauri lifunguliwe Mahakama Kuu, hata kama mgogoro wenyewe ni wa mtaro mmoja mbele ya duka moja. Yeyote aliyewahi kuuza saruji anajua kwamba mfuko uliokaa stoo miezi mitatu, hasa penye unyevu, huwa umeanza kupoteza nguvu, na fundi makini hukagua tarehe kabla ya kutoa hela. Kwa hiyo notisi itakapokamilika, mzigo wangu utakuwa umeharibika, na mkopo wa benki utakuwa umeendelea kudai marejesho kila mwezi bila kujali nani alichimba nini.

Wakili wangu anasema ipo njia ya kuomba zuio la muda, yaani amri ya mahakama ya kusimamisha jambo kwanza, wakati notisi bado inahesabika, ambalo mawakili huliita zuio la Mareva, kupitia kifungu cha 2(3) cha Sura ya 358, sheria inayoeleza mamlaka ya Mahakama Kuu na sheria inazotumia. Nashukuru kwamba lipo. Hata hivyo, mwombaji wa zuio hupimwa kwa vigezo vitatu vilivyowekwa katika shauri la Attilio dhidi ya Mbowe la mwaka 1969: kwamba kuna hoja nzito ya kuamuliwa, kwamba bila zuio atapata hasara isiyoweza kufidiwa, na kwamba akinyimwa ataumia kuliko atakavyoumia mwenzake zuio likitolewa. Kigezo cha pili ndicho kinachotuangusha wafanyabiashara, kwa kuwa upande wa pili husimama na kusema kwamba hasara ya duka inahesabika kwa shilingi, hivyo asubiri, akishinda atalipwa. Nani atamlipa kijana wangu wa kupakia mizigo aliyekwisha kurudi kijijini? Mafundi waliohamia duka la jirani nitawarudishaje kwa hundi ya fidia itakayokuja baada ya miaka?

Ninamtaka mkurugenzi wa halmashauri atoe sababu kwa maandishi au afukie mtaro wake. Bunge nalo liitazame upya notisi hii kwa mtu mwenye leseni hai ambaye mamlaka iliyompa leseni hiyo ndiyo inayomzuia kufanya kazi.

Hati ya kiapo inaandaliwa. Aliyewahi kupata zuio dhidi ya halmashauri kabla ya siku 90 kwisha, tafadhali anieleze: ni vielelezo gani vilimthibitishia jaji kwamba hasara ile haifidiki kwa fedha?