Nimepewa usukani wa basi la mikoani, lakini kuna karatasi ya kusaini

MwanaMbagala:

Wakubwa shikamooni, wenzangu habari za mchana. Naomba mnisome mpaka mwisho, Jumatatu natakiwa nitoe jibu.

Mimi ni mwanamke, miaka 33, nina mtoto mmoja yuko darasa la pili. Barabarani nimeingia 2014 nikiwa konda, Mbagala Rangi Tatu kwenda Kariakoo. Suka wangu wa wakati ule alikuwa mtu mwema sana. Usiku tukishatimiza hesabu ya tajiri na gari limeoshwa, alinipisha kwenye kiti chake tuko hapo hapo tunapolaza magari, akasimama mlangoni nilipokuwa nasimama mimi mchana kutwa, ananielekeza. "Usiangalie boneti, angalia unakokwenda." Hela ya kikoba ya miaka miwili nikaipeleka chuo cha usafirishaji pale Mabibo, nikatoka na cheti, leseni ikafika daraja C.

Tangu hapo nimekuwa deiwaka wa Kosta. Dereva wa kudumu akiumwa au akiwa na msiba, napigiwa mimi saa tisa usiku. Sijawahi kukabidhiwa gari langu mwenyewe hata wiki moja. Matajiri wananisifu, "dada anaendesha taratibu, gari halirudi na mkwaruzo," lakini likipatikana gari la kudumu anapewa kijana aliyekuja juzi.

Kuna jambo wanaume hawalioni mpaka waambiwe. Mwisho wa ruti yetu choo hakuna. Wao wanazunguka nyuma ya tairi, wamemaliza. Mimi nilijifunza kutokunywa maji, kuanzia saa nne usiku hadi saa nane mchana. Mwaka juzi nililazwa na UTI iliyopanda hadi kwenye figo. Daktari akaniuliza nakunywa glasi ngapi kwa siku, nikaona aibu kumjibu.

Sasa mwezi uliopita kampuni moja ya mabasi ya mikoani ilitangaza nafasi. Tulifika sita kwenye majaribio, wanaume watano na mimi. Nikapangiwa safari ya Mbeya kwenda na kurudi, mkuu wa madereva amekaa kiti cha pembeni na daftari lake. Wakati wa kurudi tukafika mteremko wa Kitonga. Mnaoijua ile njia mnaijua: upande mmoja jiwe, upande wa pili huoni chini, na mbele yako lori la mzigo linatambaa. Nilishusha gia kabla ya kona ya kwanza, nikaliacha basi lishikwe na eksozi breki, ile inayotumia injini kupunguza mwendo, breki ya mguu nikawa naigusa na kuiachia tu. Abiria wengi walikuwa wamelala. Tulipofika chini, Ruaha Mbuyuni, yule mzee akafunga daftari akasema, "Kazi unaijua." Mimi nilikuwa natetemeka miguu, lakini nilisubiri mpaka nishuke.

Wiki hii nikaitwa ofisini. Dada mmoja mstaarabu sana akanikaribisha maji, akanigeuzia karatasi upande wangu, akaweka kalamu juu yake. Imeandikwa hivi: sitapata ujauzito kwa miaka miwili, na nikiupata nihesabike nimeacha kazi kwa hiari yangu. Nikauliza mkataba, nikaambiwa kwa kuanzia nitakuwa deiwaka, nalipwa kwa tripu, "tukuone kwanza." Wale wenzangu wanne waliofaulu wamepewa mkataba wa mwaka, nimewauliza mmoja mmoja. Halafu Mbeya kampuni inalipia chumba kimoja cha madereva wawili na konda. Nikauliza mimi nitalala wapi. Nikajibiwa, "Mtaelewana wenyewe."

Kazi hii naitaka. Nimeitamani tangu nikiwa mlangoni na noti zimekunjwa vidoleni. Swali langu: nisaini niingie, niyapiganie nikiwa ndani? Nikatae nirudi kwenye Kosta? Na je, nikisaini, ile karatasi inanifunga kweli?

SukaMzee:

Marahaba mwanangu. Nina miaka 27 kwenye semi, Dar hadi Tunduma na kuvuka. Kama uliishusha Kitonga kwa eksozi na abiria wamelala, la ujuzi limekwisha.

Nizungumzie maji na chumba. Hilo la kubana umelisema kama la wanawake, lakini mimi nimepasuliwa mawe ya figo mara mbili kwa tabia hiyo hiyo. Tulijinyima maji ili tusisimame, tukalala kwenye kebini na mbu, tukaita ndiyo ugumu wa kazi. Hakuna aliyedai choo wala kitanda. Sasa umekuja wewe ukauliza "nitalala wapi," na kumbe hilo swali lilitakiwa kuulizwa tangu enzi zetu. Tangu mabasi yaruhusiwe tena kusafiri usiku mwaka 2023, dereva aliyelala vibaya ni hatari kwa watu hamsini nyuma yake. Dai chumba kwa hoja hiyo. Usidai kwa sababu wewe ni mwanamke tu, watakuambia unadeka.

Nami nikiri. Miaka ya nyuma nilipangiwa msaidizi wa kike nikakataa mbele yake, nikasema safari ndefu na mwanamke italeta maneno nyumbani. Alinyamaza akachukua begi lake. Bado namkumbuka anavyolivuta lile begi kwenye vumbi la yadi.

Kijiweni_Temeke:

Dada hongera, ila mabasi makubwa yanataka misuli. Tairi likipasuka porini utafanyaje?

MwanaMbagala:

Kaka, usukani ni pawa, naugeuza kwa mkono mmoja. Tairi la basi hata wewe hulibadilishi peke yako, mnashika watatu na jeki. Nami nitakuwa mmoja wa hao watatu, nimeshafanya hivyo Chalinze kwenye mvua.

MamaKostaTatu:

Mdogo wangu, nitasema usiyoyapenda kwa sababu mimi niko upande wa matajiri. Nina Kosta tatu, mbili bado zina mkopo wa benki. Nilimpa binti mmoja gari, akaendesha miezi kumi na moja, akaja kuniambia ana mimba. Sikulala usiku ule. Marejesho ya benki hayasubiri mtu ajifungue. Nikaweka deiwaka miezi minne, na huyo deiwaka akaniulia klachi, hesabu ikawa inakuja pungufu kila Ijumaa. Kwa hiyo woga wa mwajiri naujua, umo tumboni mwangu.

Lakini yule binti alirudi. Mpaka leo ndiye anayeendesha gari langu la kwanza, na ndilo gari pekee ambalo fundi wangu hanipigii simu. Nilipopiga hesabu ya mwaka mzima, hasara ilikuwa kwa yule wa miezi minne. Sasa kama mimi mwenye gari tatu nilivumilia, kampuni yenye mabasi yaliyojaa yadi inashindwa nini? Wao wana dereva wa akiba kila siku, wakiugua malaria wanaume si wanabadilishwa? Karatasi hiyo usiisaini.

AfisaAjira_Moro:

Dada, nimefanya kazi ya rasilimali watu miaka tisa, mitatu kati yake kwenye usafirishaji. Nakujibu la sheria.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, kifungu cha 7, inakataza ubaguzi kazini na inautaja ujauzito kwa jina lake, pamoja na jinsia, hali ya ndoa na majukumu ya familia. Tena kifungu hicho kinamlinda hata anayeomba kazi, kwa hiyo huhitaji kuajiriwa kwanza ndipo ulalamike. Sharti la kwamba ukibeba mimba umejiachisha kazi linagongana na sheria moja kwa moja. Kumfukuza mtu kwa sababu ya ujauzito si sababu halali, na saini yako haiwezi kuifanya iwe halali. Likizo ya uzazi ni siku 84 zenye malipo, 100 ukijifungua zaidi ya mtoto mmoja. Ukirudi una saa mbili kwa siku za kunyonyesha, ambazo kwa dereva wa masafa zinamaanisha upangiwe ruti fupi kwa muda.

La usiku ulijue pia. Usiku kisheria ni saa mbili usiku hadi saa kumi na mbili asubuhi, na kila saa ya usiku ina nyongeza isiyopungua asilimia 5 ya mshahara wa msingi. Hiyo ni ya dereva yeyote. Wengi hawaidai kwa sababu hawaijui. Mjamzito hapangiwi usiku miezi miwili kabla ya kujifungua, na mama aliyejifungua hapangiwi miezi miwili baada yake.

Sasa usiseme "basi nisaini tu, hainifungi." Kwanza, kinga ya kuachishwa kazi isivyo halali haianzi mpaka utimize miezi sita kazini, na kesi ya ubaguzi ina mlima wake. Pili, karatasi iliyosainiwa inatumika kukutisha hata kama mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi haina uzito. Wengi wanaondoka kimya kimya kwa sababu "nilisaini mwenyewe."

Hoja yako kubwa ni ile uliyoipitia haraka: wanaume wanne, majaribio yale yale, mkataba wa mwaka, na wewe peke yako deiwaka. Iandike hiyo. Omba nakala ya karatasi, au ipige picha. Mgogoro wa aina hii una siku 60 kufika Tume, wa kuachishwa una siku 30. Na kabla ya huko, wafuate COTWU, chama cha wafanyakazi wa mawasiliano na uchukuzi. Ukienda ofisini na mtu wa chama, mazungumzo yanabadilika.

BintiLikoni:

Dadangu, salamu kutoka Mombasa. Mimi ni dere wa matatu, nilianza kama makanga pia, kwa hivyo hizo noti vidoleni nazijua. Huku kwetu reli ilipofunguliwa 2017, kina Concilia Owire wakaendesha Madaraka Express, na siku ile nilimwonesha mamangu picha nikamwambia kama gari-moshi linawezekana, matatu je? Hakuacha kulia, lakini aliacha kunikataza.

Mimi kilichonisaidia ni kutokuwa peke yangu. Kwenye sako yetu, yaani chama chetu cha matatu, tulikuwa wanawake wawili, tukatafuta wengine wa sako nyingine, na shirika la Flone huko Nairobi limekuwa likiwafunza wanawake wa matatu mambo haya. Tulipodai choo stejini tulikwenda kumi na wawili. Mmoja angeambiwa ana kiburi. Ulizia huko kwenu, wapo wa mwendokasi, wapo wa malori. Mtu mmoja mlangoni kwa bosi ni rahisi kumrudisha.

MwanaMbagala:

Ndugu zangu, nimerudi na majibu, na asanteni sana. Mzee wangu, ile ya begi nimeisoma mara tatu.

Jumatatu nilikwenda na dada mmoja wa malori tuliyesoma wote Mabibo. Sikusaini. Nikasema kwa utulivu: majaribio nimefanya sawa na wenzangu, naomba mkataba kama wao, na kipengele cha ujauzito kiondoke kwa sababu kifungu cha 7 kinakikataza. Nikaomba nakala. Yule dada wa ofisini akainama, akaniambia polepole ili wa chumba cha pili asisikie, "Hiyo hata mimi niliisaini." Yuko pale mwaka wa nne. Hana mtoto. Sikupata la kumjibu, nikamshika mkono.

Meneja alisema nisubiri nipigiwe. Siku tatu simu haikulia, nikarudi kwenye Kosta nikijua imeisha. Jana jioni ikalia: nije na picha mbili na leseni. Mkataba ni wa mwaka kama wa wenzangu, nimeusoma neno kwa neno nikiwa nimesimama, na kile kipengele hakimo. Nimeuliza kama kimeondolewa na kwa huyo dada na wengine, nikaambiwa hilo si langu. Nitaliuliza tena.

Chumba bado. Safari ya kwanza ni Alhamisi saa kumi na mbili asubuhi kutoka Mbezi. Dereva mwenzangu, mtu wa makamo, ameniambia mimi nichukue chumba, yeye na konda watalala ndani ya basi. Nimemkatalia. Na yeye ana kilomita zaidi ya mia nane za kurudi siku inayofuata. Nitalipa gesti kwa hela yangu, na risiti nitaipeleka ofisini Jumamosi.