Naomba ushauri: je, jina Kilimia linamfaa mtoto wa kike?

Mjukuu wa Rufiji (mleta mada)

Ndugu zangu, nawasalimu nyote. Mungu akijaalia, ninatarajia kujifungua mtoto wa kike katikati ya mwezi wa Juni, na jina ninalotaka kumpa limezusha mvutano katika familia ambao sikuutazamia. Jina lenyewe ni Kilimia.

Marehemu babu yangu mzaa mama alikuwa mkulima katika bonde la Rufiji, na nilipokuwa mdogo nilipelekwa kwake kila likizo ya Juni. Alikuwa akiniamsha kabla ya alfajiri, akinitoa nje nikiwa nimejitanda khanga ya bibi, kisha akininyoshea kidole upande wa mashariki, palipokuwa na kishada cha nyota ndogo zilizosongamana kama punje zilizomwagika mahali pamoja. Aliniambia, "Kile ni Kilimia. Kimerudi." Kwa wiki kadhaa kilikuwa hakionekani kabisa, naye alikuwa amekingoja kama mtu anavyomngoja mgeni aliyeahidi kuja. Hakunieleza zaidi ya hapo. Aliingia ndani, akachukua jembe, akaenda kwenye shamba lake la mlau, lile linalolimwa katika udongo wenye unyevu unaoachwa na mafuriko ya mto. Nilipojua kwamba mwanangu atazaliwa Juni, sikuhitaji kutafuta jina.

Mume wangu amelipenda. Mama mkwe, ambaye asili yake ni Pemba na ambaye ninamheshimu kama mama yangu mzazi, analikataa kwa sababu ambazo siwezi kuzipuuza. Anasema ni jina la jembe, na kwamba mtoto wa kike hapewi jina la kazi ngumu. Anasema pia kwamba ki- iliyo mwanzoni inamfanya mtoto awe kitu, au awe mdogo kuliko wenzake. Yeye anataka tumwite Thuraya, jina la marehemu dada yake, na najua kwamba ombi hilo linatoka moyoni. Rafiki yangu mmoja naye ameniambia kwamba watu watalisikia kama "kilema", na tangu aliponiambia hivyo nimekosa raha.

Naomba anayejua maana na asili ya jina hili anieleze kwa ukamilifu, na aliyewahi kumpa mtoto jina lisilo la kawaida anishauri. Ninaheshimu pia maoni ya kunipinga.

Nahodha Mstaafu

Mwanangu, babu yako alikuonyesha jambo ambalo wazee wa pwani wote walilijua, wa shamba na wa bahari. Kuna msemo wa kale: *Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua.* Nitakueleza ulivyofanya kazi, kwa maana siku hizi watu huutamka kama fumbo tu, ilhali ulikuwa kalenda.

Kuanzia Novemba, Kilimia huchomoza mashariki wakati jua linapotua, kwa hiyo huonekana usiku kucha. Kadiri miezi inavyosonga, kila jioni unakikuta kimesogea zaidi kuelekea magharibi. Mwezi huu wa Machi, ukitazama baada ya magharibi, utakiona upande wa kaskazini-magharibi kikiwa bado juu. Mwishoni mwa Aprili kitakuwa chini sana, na ikifika Mei kitazama pamoja na jua na hutakiona tena, kwa sababu wakati huo jua liko upande ule ule wa mbingu. Juni ndipo huzuka upya, alfajiri, mashariki, kama ulivyoonyeshwa. Sasa pima hayo kwa majira yetu. Kilimia huzama wakati masika bado inanyesha, na huzuka wakati mawingu yametawanyika na kusi imeshika. Huko ndiko kuzama kwa mvua na kuzuka kwa jua. Mwaka ambao masika ilikatika mapema na Kilimia kikazama katika anga kavu, wazee walitumaini kwamba mvua ingekuja kikizuka.

Mtoto atakayezaliwa katikati ya Juni atakuwa amezaliwa katika siku zile zile za kurudi kwake. Mimi sioni jina linalomstahili zaidi.

Msomi wa Lugha

Nitajibu hoja ya ki-, kwa sababu ndiyo inayomtia mama mkwe wako wasiwasi, na kwa bahati njema inajibika.

Mzizi wa neno hili ni kitenzi *lima*. Kimenyambuliwa kuwa *limia*, yaani kulima kwa kufuata jambo fulani au kwa ajili yake, kisha kikatanguliwa na ki-. Kwa hiyo Kilimia si jembe wala si kazi ya kulima. Ni kile ambacho watu hulimia, alama inayowaambia kwamba wakati umefika. Kazi hufanywa na watu walio chini, na Kilimia ndicho kinachotoa ruhusa kikiwa juu. Tofauti hiyo ni kubwa, na ningependa mama mkwe aisikie kwa utaratibu.

Ama kuhusu udogo, si kila ki- ni ya kudunisha. Tunaikuta pia katika neno *kiongozi*, na hakuna anayefikiri kwamba kiongozi amedharauliwa kwa kuitwa hivyo. Pwani tumekuwa na majina ya wanawake yenye ki- tangu zamani: Kibibi ni jina la heshima na mapenzi, na hata Kijakazi, ambalo maana yake ya asili ni mtumwa wa kike, limebebwa na wanawake wanaoheshimiwa sana katika jamii zao. Upatanisho wa kisarufi nao hauleti tabu yoyote. Ukizungumzia nyota utasema Kilimia kimechomoza, na ukimzungumzia binti yako utasema Kilimia ameamka. Lugha yenyewe itamtenga mtu na kitu kila siku bila wewe kuhangaika.

Hoja ya "kilema" naiona dhaifu. Mkazo wa neno *kilema* uko kwenye *le*, na wa *Kilimia* uko kwenye *mi*. Anayelitamka sawasawa hawezi kuyachanganya.

Mwalimu Mama Neema

Naomba nipingane na waliotangulia, kwa heshima. Nimefundisha shule ya msingi kwa miaka mingi, na mtoto wa darasa la pili hajui mkazo wala mnyambuliko wa vitenzi. Anachojua ni kwamba siku ya kazi za shambani wanafunzi wanaambiwa waje na majembe, na siku hiyo mwenye jina lenye "lima" ndani yake ataitwa mara ishirini. Niliwahi kuwa na mwanafunzi wa kike aliyepewa jina la mvua kwa lugha ya kwao, jina zuri kabisa, naye aliacha kuitika anapoitwa darasani kwa sababu ya maneno ya wenzake. Nilipomwita mama yake tukazungumza, niligundua kwamba mtoto hakuwa amewahi kuelezwa kwa nini anaitwa hivyo. Mama alikuwa akisubiri akue kwanza. Baada ya kuelezwa alianza kulitetea mwenyewe, lakini ule mwaka mmoja wa kunyamaza niliushuhudia kwa macho yangu, na haukuwa mwepesi kwake.

Kwa hiyo, kama utaamua kumpa jina hili, mwonyeshe nyota hizo kabla hajaanza shule, hata kama anachoelewa ni mwanga tu.

Kuna jambo jingine la kiutendaji ambalo wazazi wengi hulisahau. Usidhani kwamba utaandika Kilimia na Thuraya yote mawili ili kila upande uridhike. Fomu zetu nyingi zina nafasi ya jina la kwanza, la kati na la ukoo, na la kati kwa kawaida ni la baba, hivyo jina la pili la mtoto huishia kudondoka mahali fulani kati ya cheti cha kuzaliwa na orodha ya shule, na baadaye mtoto hupata usumbufu wa majina yasiyolingana. Chagueni moja la kwenye karatasi. La pili liwe la nyumbani. Sheria inatupa siku 90 za kumsajili mtoto, kwa hiyo muda wa kushauriana bado mnao. Siku ya kusajili, andika jina kwa herufi kubwa na ulisome upya kabla ya kuondoka dirishani, kwa maana karani asiyelijua ataandika Kalimia au Kirimia bila nia mbaya yoyote.

Mtoto wa Mchungaji

Kwa wanaosema kwamba jina hili halijulikani, wafungue Biblia ya Kiswahili: Ayubu 9:9, Ayubu 38:31 na Amosi 5:8. Katika sehemu zote tatu limetajwa Kilimia kwa jina lake, kama kazi ya mikono ya Mungu. Nililisikia likisomwa kanisani tangu nikiwa mtoto.

Binti wa Wete, Maskati

Assalaam alaykum, dada yangu. Nimeusoma uzi huu tangu mwanzo nikingoja mtu aseme jambo ambalo nadhani litaituliza nyumba yako, na kwa kuwa halijasemwa, nitalisema mimi.

Thuraya ndiyo Kilimia.

Sisemi kwamba yanafanana au yanakaribiana. Ni kishada kile kile cha nyota. Waarabu wanakiita ath-Thurayya, na huku Oman wanawake wenye jina hilo ni wengi, kama walivyo Unguja na Pemba. Wataalamu wa Kiarabu hulihusisha jina hilo na *tharwa*, yaani wingi na mali, nalo limo katika umbo la udogo, lile wanaloliita tasghir. Angalia basi: mama mkwe anaihofia ki- kwa sababu inamfanya mtoto awe mdogo, na jina analolipendekeza yeye mwenyewe ndilo lenye umbo la udogo hasa, na halijawahi kumpunguzia hadhi mwanamke yeyote. Waarabu wa kale walipotaja "an-Najm", yaani ile nyota, bila kuongeza neno, mara nyingi walikusudia Thurayya, na baadhi ya wafasiri wameielewa hivyo aya ya kwanza ya Suratun-Najm.

Nimekaa na jambo hili kwa muda, dada, kwa sababu linanigusa. Sisi watu wa pwani tumewapa binti zetu majina ya angani kizazi baada ya kizazi. Tuna Zuhura, ambayo ni sayari ing'aayo kuliko zote. Tuna Najma, nyota. Tuna Shamsa, la jua. Tuna Kamaria, la mwezi. Hakuna anayeshtuka, hakuna anayeuliza kama mtoto amefanywa kitu. Ugeni wa Kilimia hautokani na maana yake. Unatokana na kwamba maana hiyo imesemwa kwa lugha yetu wenyewe, nasi tumezoea kuiona lugha yetu kuwa ya jikoni na shambani, na ya wengine kuwa ya mbinguni. Nalisema hili nikiwa mtu ninayekipenda Kiarabu na ninayekizungumza kila siku na watoto wangu.

Mtanzania wa Johannesburg

Naongezea kidogo tu kwa aliyoyasema Msomi wa Lugha. Huku kusini Wazulu na Waxhosa wanakiita isiLimela, na Wasotho na Watswana Selemela, kutokana na mzizi ule ule wa kulima. Mwezi wa Juni kwa Kixhosa ni mwezi wa isiLimela, na kwa desturi mwanamume wa Kixhosa aliyepita jandoni huhesabu miaka yake ya utu uzima kwa isilimela, si kwa siku ya kuzaliwa. Yaani babu yako wa Rufiji na mzee wa kule Eastern Cape, ambao hawakuwahi kuonana, walikingoja kishada kimoja katika mwezi mmoja na kukiita karibu jina moja.

Mpenzi wa Nyota

Kwa faida ya mtoto atakapouliza: kishada hicho kiko umbali wa takriban miaka ya nuru 440, na kina nyota zaidi ya 1,000, ingawa kwa macho matupu wengi wetu huona sita, na wenye macho makali huona saba au zaidi. Wajapani hukiita Subaru, na ndizo nyota sita zinazoonekana kwenye nembo ya magari hayo yaliyojaa barabarani kwetu. Nchini New Zealand Wamaori hukiita Matariki. Kuchomoza kwake alfajiri majira ya Juni na Julai ndiyo dalili ya mwaka wao mpya, na tangu 2022 ni sikukuu rasmi ya taifa. Matariki nalo ni jina ambalo watu hupewa.

Mjukuu wa Rufiji (mleta mada)

Ndugu zangu, narudi baada ya siku sita, na nawashukuru, hasa Binti wa Wete. Nilipousoma ujumbe wake nilikaa kitako sakafuni. Mwalimu, nimekusikia pia. Kisa cha mwanafunzi wako nimemsomea mume wangu, na tumekubaliana kwamba mtoto hatasubiri akue ndipo aelezwe.

Jana baada ya swala ya magharibi tulizima taa za uwani, nikamwomba mama mkwe atoke nje pamoja nasi. Nilimwonyesha upande aliousema Nahodha. Ilimchukua muda kukiona, kwa sababu macho yake si mazuri, na mume wangu alilazimika kusimama nyuma yake na kuuelekeza mkono wake. Alipokiona alihesabu kwa sauti hadi tano. Nikamwambia kwamba kile ninachokiita Kilimia ndicho alichoitwa marehemu dada yake. Alinyamaza muda mrefu, kisha akasema, "Miaka yote ile tulimwita Thuraya, na hakuna aliyetutoa nje akatuonyesha."

Hajasema ndiyo, na sikumhimiza. Bado anasema kwamba yeye atamwita mjukuu wake Thuraya hata cheti kiandikwe nini, nami nimemjibu kwamba hilo ni haki yake. Usiku, kabla ya kwenda kulala, alikuja mlangoni kwetu akauliza ni siku gani hasa ya Juni kinarudi, na ni saa ngapi, nami nimemwahidi kwamba nitamwamsha.